Deni Lililosubiri Mlangoni

Desemba 1889 Henry Morton Stanley alifika Unguja akitokea upande wa pili wa Afrika. Alikuwa amemfikisha Emin Pasha Bagamoyo, amepoteza watu wengi njiani, na sasa alitaka mtu wa kulipa. Kabla ya kuondoka kisiwani alifungua shauri katika mahakama ya ubalozi wa Uingereza dhidi ya Hamed bin Muhammed el-Murjebi, yule ambaye dunia inamjua kwa jina la Tippu Tip. Madai yake yalikuwa kwamba Tippu Tip alivunja mkataba wa Februari 1887: aliahidi wapagazi 600 wa kubeba mizigo ya kikosi cha nyuma kilichobaki Yambuya, wapagazi wakachelewa, na kikosi kikateketea kwa njaa na maradhi.

Mshtakiwa hakuwepo. Alikuwa Kongo, miezi kadhaa ya mwendo kutoka pwani, na hapakuwa na tarishi wa mahakama ambaye angekwenda huko na wito mkononi akarudi salama. Wala Stanley hakumtafuta. Aliiomba mahakama izuie fedha za Tippu Tip, zaidi ya pauni 10,000, zilizokuwa mikononi mwa Jaffer, mtoto wa Taria Topan, tajiri wa Kihindi aliyekuwa mfadhili wa misafara. Jaffer alikuwa raia wa himaya ya Uingereza, anakaa Unguja, ana duka, ana anwani. Mahakama ilimfikia bila shida.

Haikuwa kesi ya mkopo wa benki. Lakini mwanasheria wa leo akiisikia ataitambua mara moja, kwa sababu ndiyo mbinu inayotumiwa na mdai yeyote mwenye akili: usimkimbize mdaiwa porini, simama mahali ambapo fedha yake lazima ipite. Historia ya madeni katika nchi ya Unyamwezi, tangu enzi za pembe za ndovu hadi mitumba ya tumbaku inayopimwa leo Kaliua, ni historia ya mlango huo na ya watu waliosimama hapo.

*

Kaliua ya leo ni wilaya iliyozaliwa 2012 ilipomegwa kutoka Urambo. Mji wake ni stesheni ya reli, zaidi ya kilomita 100 magharibi mwa Tabora, mahali ambapo njia ya kwenda Mpanda inaachana na njia ya kwenda Kigoma. Lakini kabla ya reli ilikuwa nchi ya kupita. Misafara iliyotoka pwani ilipumzika Unyanyembe, yaani Tabora, kisha iliyokuwa na nia ya Ujiji na Manyema ikashika magharibi, ikakatiza misitu hii ya miombo hadi mto Malagarasi. Mpagazi wa Kinyamwezi aliyebeba nguo za merikani na shanga akienda, na pembe akirudi, alibeba mali ambayo kwa kawaida haikuwa ya bosi wake. Ilikuwa ya mtu aliyekaa Unguja, ambaye hakuwahi kuiona Tabora na wala hakutaka kuiona.

Mfanyabiashara wa Kiarabu au wa Kiswahili aliyetaka kwenda bara hakuwa na mtaji. Alikwenda kwa Mhindi. Katikati ya karne ya 19 nyumba kubwa kuliko zote ilikuwa ya Jairam Shivji, iliyoendeshwa kwa miaka mingi na Ludha Damji. Baadaye akapanda Taria Topan. Mhindi alitoa bidhaa kwa mkopo, bei ikiwa imeshapandishwa ili faida iwe ndani yake, na mkopaji akaahidi kulipa pembe atakaporudi. Atarudi lini? Hapo ndipo palipokuwa na mashaka. Mwaka mmoja ulikuwa wa bahati. Miaka miwili au mitatu ndiyo ya kawaida.

Dini iliharamisha riba, lakini biashara ina njia zake za kuzunguka. Moja iliitwa bei ya hiyari. Mwenye shamba la mikarafuu au nyumba ya mawe "alimuuzia" mkopeshaji kwa sharti kwamba akirudisha fedha ndani ya muda uliopangwa mali inarudi kwake. Wakati huohuo aliendelea kukaa katika nyumba yake mwenyewe kama mpangaji, na kodi aliyolipa ilikuwa riba iliyovaa kanzu. Hati nyingi za namna hiyo zimebaki katika Nyaraka za Taifa za Zanzibar, na mwanahistoria Thomas McDow amezichambua katika kitabu alichokitoa 2018. Hoja yake ni kwamba watu hawa walikuwa wakinunua muda. Naona ana haki, na Tabora ndipo muda huo ulipotumika.

Maana mtu mwenye deni lililoiva Unguja alikuwa na hiari mbili: akae akabwe, au apande bara. Bara hapakuwa na mkono wa kumfikia. Sultani alikuwa na liwali wake Tabora. Kwa muda mrefu alikuwa Said bin Salim, yule aliyewahi kuongoza misafara ya Burton na Speke. Lakini amri ya liwali ilikoma karibu na mashamba ya Waarabu wenyewe. Zaidi ya hapo nchi ilikuwa ya mtemi, na mtemi hakuwa na sababu ya kumkamata mgeni anayempa hongo na kununua pembe, eti kwa sababu tajiri mmoja wa pwani anamdai. Wengine walikaa miaka kumi, wakaoa, wakalima mpunga, wakawa wenyeji. Babake Tippu Tip, Muhammed bin Juma, aliishi Tabora na kumwoa Karunde, binti wa mtemi Fundikira. Sisemi kwamba huyu alikuwa mkimbizi wa deni. Nasema tu kwamba ndoa kama hiyo ilimpa mtu wa pwani kinga ambayo hati yoyote ya Unguja isingeweza kuitoboa. (Karne moja baadaye, mtemi wa ukoo huohuo, Abdallah Fundikira, akawa Waziri wa Sheria wa Tanganyika huru. Historia ina mizaha yake.)

Wakopeshaji walilijua hilo, na hawakuwa wajinga. Kilichowalinda kilikuwa forodha. Sultani alikodisha ukusanyaji wa ushuru kwa mfanyabiashara mmoja, naye akamlipa Sultani kiasi kilichokubaliwa kila mwaka. Kwa miongo kadhaa mkodishwaji huyo alikuwa nyumba ya Jairam Shivji. Baadaye, kwa muda, akawa Taria Topan. Yaani mtu yuleyule aliyekopesha misafara ndiye aliyesimama forodhani pembe ziliposhushwa kutoka jahazini. Hakuhitaji kumjua mdaiwa alikuwa wapi, Ujiji au Nyangwe. Pembe ilikuwa haina soko jingine la maana. Lazima ije Unguja, na ikija lazima ipimwe, na anayepima ana daftari. Hata Masultani wenyewe walikuwa na hesabu katika daftari hilo.

Tippu Tip alisimulia maisha yake kwa Kiswahili mwanzoni mwa karne ya 20, na anayesoma masimulizi yake akitafuta vita atavipata. Anayesoma akitafuta madeni atayapata zaidi. Anaeleza amekopa kwa nani, kiasi gani, na nani alikataa kumkopesha, bila haya hata kidogo, kama mtu anayetaja nasaba yake. Kukopeshwa na Taria ilikuwa heshima. Safari yake ndefu kuliko zote ilichukua karibu miaka 12. Alirudi Unguja 1882. Katika miaka hiyo barua za Taria zilimfuata bara zikimhimiza ashuke, na hizo barua ndizo zilizokuwa wito wa mahakama wa zama zile. Hazikuwa na muhuri wa hakimu. Zilikuwa na kitu kizito zaidi: bila Taria hakuna baruti, hakuna nguo, hakuna safari nyingine.

Na deni lilipogoma kulipwa, mara nyingi tajiri alifanya jambo ambalo maofisa mikopo wa leo watalijua vizuri. Alikopesha tena. Mtu aliyerudi mikono mitupu hakufungwa, kwa sababu aliyefungwa haleti pembe. Alipewa bidhaa nyingine na deni la zamani likaandikwa juu ya jipya. Wengine walipanda bara mara ya pili na ya tatu si kwa tamaa, bali kwa sababu mdai wao hakuwa na njia nyingine ya kulipwa.

Wanyonge hawakuwa na bahati hiyo. Asiye na pembe, wala shamba, wala jina, katika sehemu nyingi za Afrika Mashariki ya karne ile aliweka rehani mtu: mtoto, mpwa, ndugu mdogo, akakae kwa mdai mpaka deni liishe. Mengi hayakuisha. Tukisifu ujasiri wa wafanyabiashara wa njia ya Tabora tukumbuke kwamba biashara ile ilikuwa na tabaka la watu ambao wao wenyewe ndio waliokuwa dhamana.

Mwaka 1871 Mirambo wa Urambo alifunga njia ya Ujiji. Vita ile imeandikwa mara nyingi kama vita ya mtemi na Waarabu, na ilikuwa hivyo. Lakini kwa mtu wa daftari kule Unguja ilikuwa pia msimu mbovu. Pembe zilizolala ng'ambo ya Urambo zilikuwa marejesho yasiyotembea. Mirambo aliuelewa mlango kuliko wengi: aliyeshika njia alikuwa na uwezo wa kumfanya mtu wa mbali ashindwe kulipa deni ambalo yeye Mirambo hakulijua hata kiasi chake.

Kesi ya Stanley, kwa anayetaka kujua, haikufika popote. Tippu Tip alisafiri kutoka Kongo kupitia Ujiji na Tabora, akaugua njiani, akafika Unguja Julai 1891. Shauri likaondolewa. Lakini mbinu ilibaki.

*

Reli ilifika Tabora 1912 na Kigoma 1914, na kwa siku chache njia ambayo wapagazi waliitembea kwa miezi ikawa fupi. Umbali, ambao ulikuwa kinga ya mdaiwa, ukaisha. Ungetegemea kwamba sasa mahakama ingeingia na kazi yake ya kawaida ingeanza. Waingereza waliposhika Tanganyika walileta hata kitabu cha kufanyia kazi hiyo: Kanuni ya Mwenendo wa Madai ya India ya 1908, ambayo ilianza kutumika hapa 1920. Sheria ya kudaiana ikawa imefuata njia ileile ya bahari iliyoleta wakopeshaji.

Kisha wakafunga mlango. Mwaka 1923 serikali ya Tanganyika ilitunga sheria ya kuzuia mikopo kwa wenyeji. Deni ambalo mtu asiye Mwafrika anamdai Mwafrika halikuweza kudaiwa mahakamani isipokuwa kama ofisa wa serikali alikuwa ameuidhinisha mkopo huo kwa maandishi. Mwenye duka wa Kihindi huko Tabora aliyemkopesha mkulima jembe na kaniki hakuwa na pa kwenda mkulima akikataa kulipa.

Sababu iliyotolewa ilikuwa ulinzi. Mwenyeji ni mtoto, hajui mambo ya fedha, atanyonywa. Na kweli kulikuwa na unyonyaji wa kuogopwa. Lakini fikiria maana yake upande wa pili. Mtu ambaye deni lake haliwezi kudaiwa kortini ni mtu asiyekopesheka. Mwafrika aliyetaka kufungua duka lake, kununua gari la mizigo, kununua mazao ya wenzake kwa jumla, alikuta kila mwenye mtaji anatikisa kichwa: kwako siwezi, sheria yenu hiyo. Wajukuu wa watu walioendesha misafara kwa mikopo sasa walikuwa hawawezi kukopa gunia la chumvi ila kwa imani. Ulinzi huo ulidumu kwa takribani kizazi kizima, na sioni kwamba aliyelindwa zaidi alikuwa mkulima.

Wakati huohuo, katika nchi hiihii ya Urambo, ulitolewa mkopo mkubwa ambao haujapata kufanana nao. Mwaka 1947 serikali ya Uingereza ilianza mpango wa karanga: Kongwa, Nachingwea na Urambo. Matrekta yalishushwa, misitu ikang'olewa kwa minyororo, shirika la umma likapewa fedha za hazina ya Uingereza kulima mafuta ya kula kwa ajili ya watu wa London. Karanga hazikukubali. Januari 1951 ilitangazwa kwamba mpango umekwisha, na zaidi ya pauni milioni 36 zikafutwa katika vitabu. Hapakuwa na dalali. Hapakuwa na mnada wa trekta kwa amri ya korti. Waziri alisimama bungeni, kukawa na kelele za siku kadhaa, basi. Nalitaja jambo hili kwa sababu katika historia ya mikopo ya kilimo ya wilaya hizi, hilo ndilo deni kubwa kupita yote, na ndilo lililosamehewa kwa urahisi kupita yote.

Mabaki ya mpango huo ndiyo yaliyozaa tumbaku. Katika mashamba yaliyofyekwa Urambo walianza kujaribu tumbaku ya mvuke, kwanza kwa walowezi na wapangaji, kisha kwa wakulima wadogo, na zao likasambaa kufuata reli na barabara hadi Kaliua na vijiji vyake. Tumbaku ni zao la ajabu kwa maana ya fedha. Mahindi unaweza kuyalima kwa jembe na mbegu ya mwaka jana. Tumbaku haitaki hivyo. Inataka mbolea, dawa, miche ya kitaluni, bani la kukaushia, kuni nyingi mno, nyuzi, karatasi, vibarua. Gharama zote hizo zinatangulia, na mapato yanakuja baada ya miezi mingi. Mkulima hawezi kuigusa tumbaku bila kukopa. Kwa maneno mengine, ni msafara unaosimama mahali pamoja.

Na kama msafara, ina mlango. Huwezi kuila tumbaku ghafi. Huwezi kuiuza gengeni. Wanunuzi ni wachache, wanajulikana, na wananunua mahali palipopangwa. Wasomi waliochunguza kilimo hiki Tabora miaka ya 1970, Jannik Boesen na A. T. Mohele, waliandika kitabu kuhusu mafanikio yake na neno hilo "mafanikio" wakalitia alama za mnukuu kwenye jalada. Mzunguko wa mikopo ulikuwa moja ya sababu za mafanikio na pia moja ya sababu za alama hizo.

*

Baada ya Uhuru swali likawa: mdaiwa ni nani? Ni swali la sheria, lakini kwa watu wa Kaliua na Urambo limekuwa swali la jirani na jirani.

Februari 1967 mabenki yalitaifishwa na Benki ya Taifa ya Biashara, NBC, ikazaliwa. Mwaka 1971 ikaja Benki ya Maendeleo Vijijini, TRDB. Mikopo ya pembejeo ilipita kwenye vyama vya ushirika. Sheria ya vijiji ya 1975 ikakipa kijiji uwezo wa kisheria wa kukopa, kushtaki na kushtakiwa. Mwaka uliofuata vyama vikuu vya ushirika vilivunjwa na mazao yakawekwa chini ya mamlaka za serikali. Tumbaku ilikuwa na yake. Kwa hiyo katika miaka ya mwisho ya 1970 benki ilikuwa ikikikopesha kijiji. Kijiji ni watu wote na si mtu yeyote. Mwenyekiti aliyetia saini anahama, karani anakufa, mbolea imeshaingia ardhini na nyingine imeuzwa. Utakipeleka kijiji mahakamani, utapata hukumu, kisha utakamata nini? Mwembe wa mkutano?

Ushirika ukarudishwa 1982, na TRDB ikageuka 1984 kuwa CRDB, benki ya ushirika na maendeleo vijijini. Vyama vilirudi na desturi ya zamani: kukopa benki ili kununua mazao, kuchelewa kulipa, kukopa tena juu ya deni. Kufikia mwisho wa miaka ya 1980 vitabu vya NBC vilikuwa vimejaa mikopo ya vyama vikuu na mashirika ya umma ambayo kila mtu alijua hailipiki. Tume ya rais iliyoongozwa na gavana wa zamani wa Benki Kuu, Charles Nyirabu, ilichunguza mabenki na kupendekeza mageuzi. Matokeo yake mojawapo yalikuwa sheria ya 1991 iliyounda LART, chombo cha kukusanya mikopo chechefu, kikiwa na baraza lake maalumu la kusikiliza madai. Madeni yalihamishwa kutoka benki kwenda kwa chombo hiki, nacho kikapewa meno ya kukamata na kuuza. Benki ikabaki safi, tayari kuuzwa: NBC iligawanywa 1997, NMB ikatoka humo, na sehemu yake nyingine ikauzwa kwa benki ya Afrika Kusini mwaka 2000.

Mabenki yaliyotoka katika tanuru hilo yalikuwa yamejifunza. Hayangekopesha tena vijijini kwa matumaini ya kwenda mahakamani.

Ukisoma sheria utaelewa kwa nini. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya 1966, mtoto wa ile Kanuni ya India, ina kifungu cha 48 kinachotaja mali zisizokamatwa katika kukazia hukumu. Dalali wa mahakama hachukui nguo za lazima za mdaiwa, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko. Akiwa mkulima, hachukuliwi zana zake za kilimo, wala mifugo na mbegu ambazo korti inaona anazihitaji ili aishi. Nyumba anayokaa na mkewe na watoto inalindwa. Ardhi ya kilimo ya kijiji, ya chama cha ushirika, au ya mtu ambaye riziki yake yote iko humo inalindwa. Unaweza kuomba mdaiwa afungwe kama mfungwa wa madai, lakini kwa kipindi kisichozidi miezi 6, na wewe mdai ndiye utakayelipia chakula chake gerezani. Akitoka, deni liko palepale. Taria Topan angelisoma hilo angecheka: aliyefungwa haleti pembe.

Kwa mfanyabiashara wa mjini aliyeweka nyumba ya biashara rehani mambo ni tofauti. Hapo kuna notisi, siku 60, tangazo gazetini, na nyundo ya dalali. Lakini mkulima wa tumbaku wa Kaliua, mbele ya hukumu ya korti, karibu hana kitu kinachokamatika. Sheria imemzungushia ua mzuri: jembe, ng'ombe wa kulimia, mbegu, nyumba, shamba.

Ila haikuuzungushia ua mtumba wa tumbaku ulioko njiani kwenda sokoni. Na hapo ndipo wakopeshaji waliposimama.

Mkopo wa pembejeo hutolewa kwa chama cha msingi, si kwa mkulima. Chama ndicho mdaiwa. Hesabu kwa miaka mingi imekuwa kwa dola za Marekani, kwa kuwa tumbaku yenyewe inauzwa kwa dola. Mkulima anapokea mifuko ya mbolea kulingana na makisio yake, yaani kilo ambazo chama kimemkubalia azalishe. Msimu ukifika anateua majani yake, anafunga mitumba, anaipeleka ghalani, mteuzi anatoa daraja, mizani inasema, karatasi inaandikwa. Fedha hazimfuati yeye. Zinatoka kwa mnunuzi na kuingia akaunti ya chama katika benki ileile iliyokopesha. Benki inakata chake. Kinachobaki ndicho kinachogawanywa.

Hakuna shauri lililofunguliwa, hakuna utetezi ulioandikwa, hakuna hakimu. Amri ya kuzuia fedha ambayo Stanley alilazimika kuiomba mahakamani, hapa imeshatolewa mapema na mdaiwa mwenyewe, kwa saini ya viongozi wake, kabla mche haujaota. Na kifungu cha 48 hakina la kusema, kwa sababu hakuna kilichokamatwa.

Sina ugomvi na benki kulipwa. Dawa ya deni ni kulipa, na bila mpangilio wa namna hii hakuna benki ambayo ingetuma hata mfuko mmoja wa mbolea zaidi ya Tabora mjini. Utata uko kwenye neno "chama". Ikiwa wanachama 100 wamekopa kupitia chama na 20 hawakuleta tumbaku ya kutosha, kwa sababu mvua iliwakatia, au bani liliungua, au waliuza mbolea, au walipeleka mitumba yao kwa jina la mtu wa chama kingine, benki haiwatafuti hao 20. Inakata akaunti mpaka deni liishe. Waliotoa tumbaku ndio wanaolipa. Mzee aliyepeleka mitumba yake yote, aliyemaliza deni lake la mbolea kwa hesabu yake mwenyewe, anaambiwa msimu huu malipo ni nusu, au yatasubiri, kwa sababu chama kinadaiwa. Wabunge wa mkoa huu wamelisema jambo hilo bungeni miaka nenda miaka rudi. Mtu anamfahamu jirani aliyesababisha. Anapita mlangoni kwake akienda kisimani.

Mtu wa rehani wa karne ya 19 alikaa kwa mdai kwa deni la mjomba wake. Sisemi ni kitu kimoja. Huyu wa leo yuko huru, anaweza kuacha tumbaku akalima alizeti. Lakini wazo kwamba yule aliyepo, anayefikika, mwenye kitu, ndiye alipe kwa ajili ya asiyefikika, si geni katika njia hii.

Mlango una hatari nyingine: anayeusimamia akiufunga. Msimu wa 2016/2017 tumbaku iliyozidi makisio ililala maghalani bila mnunuzi huku deni la mbolea iliyoizalisha likiendelea kuhesabiwa. Mirambo alifunga njia kwa bunduki. Safari hii ilitosha kwa wanunuzi kusema wametosheka.

Na wapo waliosimama mlangoni wakiwa wenzetu. Fedha ikipita akaunti moja, wachache wenye saini wana nafasi ya kuchelewesha, kuongeza gharama ambazo hazikuwepo, kukopa zaidi ya kilichoazimiwa. Mwaka 2020 TAKUKURU ilikuwa sehemu nyingi nchini ikiwabana viongozi wa vyama vya msingi warudishe fedha za wanachama. Hapo ndipo mkulima alipoliona jambo linalofanana na amri ya kulipa iliyotolewa kwa ajili yake, si dhidi yake.

Kuna siku moja katika mwaka ambayo mwanachama wa kawaida ana neno juu ya haya yote. Ni mkutano mkuu wa chama unaopitisha ukomo wa madeni, yaani kiasi cha juu ambacho chama kinaruhusiwa kukopa msimu ujao. Hufanyika chini ya mti au ndani ya ghala tupu. Katibu anasoma mifuko ya mbolea, anasoma dola, anasoma jumla. Wengine wanasinzia. Anauliza wanaokubali wanyooshe mikono, anahesabu, anaandika. Mahudhurio yanazungushwa, wasioandika wanaweka dole gumba. Muhtasari unapelekwa Tabora kwa Mrajis Msaidizi wa Vyama vya Ushirika, akiuridhia unakwenda benki, na mifuko inapakiwa kwenye lori. Vitalu vinakuwa vimeshamwagiliwa wakati huo, na mtu yeyote anayetaka kuuliza kuhusu wale 20 wa mwaka jana inabidi aulize kabla ya mikono kunyooshwa.